Baloji: jina la kutisha lililofika Cannes

Huko Fizi na Baraka, kuitwa mulozi si mchezo: neno hilo laweza kumfukuza mtu kijijini. Baloji, maana yake walozi, amelibeba tangu azaliwe Lubumbashi mwaka wa 1978, kwani ndilo jina lake.

Alipelekwa Ubelgiji akiwa mtoto, akawa mwanamuziki wa rap katika kundi la Starflam. Mwaka wa 2019 aliigiza filamu ya Binti pamoja na mtoto wake.

Augure, filamu aliyoiandika na kuiongoza, ilipata tuzo ya Sauti Mpya huko Cannes mwaka wa 2023. Ndani yake Koffi anarudi Kongo kutoka Ulaya. Anampakata kichanga cha dada yake, damu inamtoka puani, na ukoo mzima unaona laana. Hakuna anayemuuliza kama ni mgonjwa.