Nadharia na Mbinu za Kusoma Fasihi

Ufundishaji wa Fasihi: Nadharia na Mbinu ni kitabu cha Kimani Njogu na Rocha Chimerah kilichochapishwa na Jomo Kenyatta Foundation mwaka 1999. Chimerah, mtunzi wa riwaya ya Nyongo Mkalia Ini (1995), alikuwa mhadhiri katika Chuo Kikuu cha Egerton kilichoko Njoro, karibu na Nakuru. 

Jina la kitabu hicho linataja mambo mawili yanayotegemeana. Nadharia hueleza fasihi ni nini na mhakiki atazame nini katika kazi ya sanaa. Mbinu humwonyesha mwalimu njia ya kumfikisha mwanafunzi huko. Nadharia isiyo na mbinu hubaki maneno mazito ubaoni, na mbinu isiyo na nadharia huzaa wanafunzi wa kukariri majibu ya mtihani.

Methali moja yatosha kulidhihirisha hilo: "Haba na haba hujaza kibaba." Ina silabi 11, na nne kati yake ni "ba". Sauti hiyo hurundikana kama nafaka inavyomiminwa. Kibaba ni kipimo cha nafaka, robo ya pishi. Mtoto wa Molo au Rongai, huko huko Nakuru, huenda hajawahi kukiona, lakini ameona mahindi yakipimwa kwa gorogoro sokoni. Mwalimu akianzia kwenye gorogoro, maana ya subira humjia mtoto bila kulazimishwa.

Swali la fasihi ni nini lilimshughulisha pia mwandishi Natsume Sōseki wa Japani. Serikali yake ilimpeleka Uingereza kusoma mwaka 1900. Aliporudi alifundisha fasihi ya Kiingereza katika Chuo Kikuu cha Kifalme cha Tokyo, na mwaka 1907 mihadhara yake ikatoka kitabuni kwa jina Bungakuron, yaani Nadharia ya Fasihi. Kwake, fasihi ni wazo au taswira iliyo akilini pamoja na hisia inayoandamana nayo. Katika methali ile, taswira ni kipimo kinachojaa. Hisia ni tumaini la anayekijaza.

Tukirudi kwenye Kiswahili, mhakiki K. W. Wamitila aliipanua hazina ya vitabu vya nadharia kwa Uhakiki wa Fasihi (2002) na Kamusi ya Fasihi (2003). Mahali pa vitabu hivi ni kando ya riwaya na diwani. Mwalimu na aanze na matini yenyewe, istilahi zitafuata.