Uundaji wa Milinganyo ya Umbali, Mwendokasi na Muda katika Mafumbo ya Hisabati ya Kiswahili

Makala hii inafafanua namna lugha ya fumbo la hisabati inavyoamua umbo la mlinganyo. Kanuni yenyewe, kwamba umbali ni zao la mwendokasi na muda, ni rahisi kukariri. Kinachomtatiza mwanafunzi wa shule ya msingi ni kutambua ni kipi katika maelezo kilicho sawa na kipi.

Kidokezo cha kwanza kimo katika kitenzi. Chukulia barabara ya Dar es Salaam hadi Dodoma, yenye takribani kilomita 450. Basi linatoka Dar es Salaam kwa kilomita 60 kwa saa, na wakati huohuo gari dogo linatoka Dodoma kwa kilomita 90 kwa saa. Fumbo likiuliza magari hayo *yatakutana* baada ya muda gani, kila moja limemaliza sehemu yake ya barabara, hivyo umbali unajumlishwa: 60t + 90t = 450, na t = 3. Likiuliza gari dogo *litalifikia* basi lini, hakuna cha kujumlisha. Yakiwa yametoka mahali pamoja, yote mawili yamekwenda umbali uleule.

Ugumu mkubwa zaidi uko katika neno *saa*, linalotaja kipindi na pia wakati mahususi. Basi linaondoka Dar es Salaam saa 12 asubuhi kwa kilomita 60 kwa saa. Gari dogo linalifuata saa 1 asubuhi kwa kilomita 80 kwa saa. Iwapo t ni muda wa basi, muda wa gari dogo ni t − 1. Mlinganyo ni 60t = 80(t − 1), na t = 4. Basi linafikiwa saa 4 asubuhi, kilomita 240 kutoka Dar es Salaam. Kulingana kwa 4 na saa 4 ni bahati tu: saa 12 asubuhi ndiyo sifuri ya saa za Kiswahili. Safari zikianza saa 2 na saa 3, t inabaki 4 lakini basi linafikiwa saa 6 mchana. (Nchini Tanzania, mwanafunzi huyo akiingia sekondari, ambako hisabati hufundishwa kwa Kiingereza, saa 12 hugeuka kuwa 6.)

Lipo kosa lililojificha zaidi. Mwanafunzi anayesoma kwamba gari dogo lilichelewa kwa saa moja huongeza badala ya kutoa: 60t = 80(t + 1). Anapata t = −4. Akiidhania alama ya hasi kuwa hitilafu ya ukokotoaji na kuifuta, anaandika 4, na msahihishaji anayetazama jibu la mwisho pekee anampa alama zote. Kubadili tarakimu hakusaidii, kwa sababu kwa mwendokasi wowote na ucheleweshaji wowote mlinganyo huo potofu hutoa jibu sahihi lenye alama ya hasi. Kinachoweza kulifichua ni sentensi inayotangulia mlinganyo, "t ni muda uliotumiwa na basi", ambayo miongozo ya usahihishaji ingepaswa kuitengea alama yake.