Kamera Ndani ya Mji Uliozingirwa

Msikilizaji, juma lililopita nilikaa na jirani yangu kutazama filamu iitwayo For Sama, iliyotolewa mwaka 2019. Haikufika hata nusu, akanigeukia: "Mama huyu ana roho gani? Watu wanakufa mbele yake, naye ameshika kamera!" Sikuwa na jibu la haraka. Leo najaribu.

Aliyeshika kamera ni Waad al-Kateab, Msyria. Maandamano dhidi ya serikali ya Bashar al-Assad yalipoanza mwaka 2011, alikuwa mwanafunzi wa chuo kikuu mjini Aleppo, akaanza kupiga picha kwa simu. Aliendelea kwa miaka mitano. Humo humo akaolewa na daktari, Hamza, na Januari 2016 akamzaa binti, Sama. Mwaka huo mashariki ya Aleppo ilizingirwa na majeshi ya serikali, na ndege zikawa zinapiga mpaka hospitali. Desemba wakaondolewa mjini.

Mwandishi mgeni huingia vitani kwa siku chache, mara nyingi akiongozwa na wenye bunduki. Hupata moshi, vifusi na machela, na taarifa ya dakika mbili haidai zaidi ya hapo. Anayeishi pale hana hoteli ya kurudi jioni. Kwa hiyo Waad alipata yale ambayo mgeni angeyapita: watoto wakilipaka rangi basi lililoungua, mke akimeremeta kama bibi arusi kwa kuwa mumewe amempatia tunda moja tu wakati wa njaa. Bila mambo hayo, sisi tulio mbali tungedhani vitani kuna maiti na askari tu.

Je, ni halali kumpiga picha aliyefiwa? Yumo mama hospitalini, mwanawe amekata roho, naye ndiye anayetaka kamera irekodi, dunia ione. Hapo Waad hana lawama. Lakini wamo pia watoto wawili walioleta mdogo wao, naye akafa. Wanalia, vumbi limewajaa usoni. Hao nani aliwaomba ruhusa? Hapa jirani yangu ana haki, nami sitamdanganya.

Saa zaidi ya 500 za picha zilikatwa na Waad pamoja na Mwingereza Edward Watts, zikabaki saa moja na nusu na ushei. Kuchagua kipi kibaki, nadhani, ndiko kulikokuwa kugumu kuliko kushika kamera.

Mojawapo ya yaliyobaki ni mama mjamzito aliyejeruhiwa. Madaktari wanampasua, kitoto kinatoka hakipumui. Wanakisugua, wanakipigapiga mgongoni, muda unapita. Jirani yangu alikuwa amejifunika macho kwa kiganja. Kitoto kikalia. Akaniomba nirudishe nyuma, aone.