Misheni, Ng'ombe wa Mahari na Makaburi: Ukristo Ulivyoingia Nyanda za Juu Kusini

Wamisionari wa kwanza kuweka makao katika nyanda za Mbeya ya leo walifika mwaka 1891, wote kutoka Ujerumani, wakiwa makundi mawili. Kundi la Wamoravian, lenye makao makuu Herrnhut na lililoongozwa na Theodor Meyer, lilijenga Rungwe, chini ya mlima wenye jina hilo. Kundi la Misheni ya Berlin, Walutheri walioongozwa na Alexander Merensky, mzee aliyekwisha kufanya kazi Afrika Kusini kwa miaka mingi, lilianza Wangemannshöhe na kisha likaenea Manow, Mwakaleli na Ikombe kando ya Ziwa Nyasa. Wakubwa wa misheni hizo walikubaliana kugawana nchi ili wasigombanie watu: Wamoravian wakashika upande wa magharibi hadi Usafwa na Unyiha, na Waberlin wakashika mashariki, kwa Wanyakyusa wa huko, Wakinga na Wabena, hatimaye Wahehe.

Uhehe ulifunguka baadaye, na kwa mtutu wa bunduki. Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, aliwashinda Wajerumani huko Lugalo mnamo Agosti 1891, lakini ngome yake ya Kalenga ilianguka Oktoba 1894, na yeye mwenyewe alijiua Julai 1898 baada ya miaka ya kuwindwa porini. Kabla vumbi halijatulia, watawa Wabenediktini walikuwa wamekwisha kuanzisha misheni ya Katoliki Tosamaganga, mwendo mfupi kutoka Kalenga. Wahehe hawakulazimishwa kubatizwa. Hata hivyo si rahisi kuitenganisha misheni na ushindi huo wa vita, na wazee wa Uhehe hawakuitenganisha.

Wamisionari hao wa Kijerumani walitoka katika taifa lenye historia yake lenyewe ya kuongolewa. Karibu mwaka 723 Bonifasi, mmisionari kutoka Uingereza, aliukata mti wa mwaloni uliowekwa wakfu kwa mungu Donar huko Geismar, na mbao zake zikajenga kanisa. Wasaksoni walivumilia makali zaidi: mfalme Karolo Mkuu aliiangusha nguzo yao takatifu, Irminsul, mwaka 772, na baada ya vita vya miaka mingi kiongozi wao Widukind alibatizwa mwaka 785. Lakini palikuwa na njia nyingine pia. Mwaka 601 Papa Gregori aliwaandikia wamisionari wake wa Uingereza wasibomoe mahekalu ya wapagani, bali waondoe sanamu tu na kuyageuza makanisa, na hata sikukuu za kuchinja ng'ombe ziachwe, zipewe maana mpya. Njia zote mbili, ya shoka na ya kugeuza maana, zilionekana tena Nyanda za Juu Kusini.

Kwa Wanyakyusa, mahali patakatifu palikuwa misitu na mapango. Lubaga, karibu na Rungwe, palikuwa makao ya Lwembe, mtawala mtakatifu ambaye afya yake ilihesabiwa kuwa afya ya nchi: mvua, rutuba na uzazi vilimtegemea. Upande wa ziwa, karibu na Ikombe na Matema, palikuwa na pango la Kyala, ambako makuhani walipeleka sadaka. Wamisionari waliichukua njia ya Papa Gregori kwa sehemu. Jina la Kyala walilitwaa kuwa jina la Mungu katika mahubiri na Maandiko ya Kinyakyusa, hali Wahehe na Wabena wakiendelea kumwita Mungu Nguluvi. Jina lilibaki, pango likaachwa kando. Msitu wa Lubaga haukukatwa na Bonifasi yeyote. Ulipungukiwa na watu, jambo ambalo pengine lilikuwa zito zaidi, maana watoto wa makuhani walikwenda shule.

Waumini wa mwanzo hawakuwa wakuu wa nchi. Walikuwa watu waliokombolewa utumwani, wanawake waliokimbia ndoa, vijana wasio na ng'ombe. Kuzunguka kila kituo kikaota kijiji cha Wakristo chenye kanuni zake, wazee wake wa kanisa na mmisionari aliyeamua kesi kama mkuu mwingine yeyote. Watafiti wengi wameiona hali hiyo kuwa uvamizi wa mila. Kwa Wanyakyusa lakini kijiji kipya hakikuwa kigeni hata kidogo. Desturi yao iliwataka vijana wa rika moja watoke kwa wazazi wao, wajenge kijiji chao na kuishi humo pamoja hadi uzeeni. Sababu mojawapo ilikuwa heshima: mkwe wa kike hakupaswa kuonana na baba mkwe wake, kwa hiyo vizazi viwili havikuweza kukaa uwanja mmoja. Kijana aliyehamia misheni na wenzake alifanya jambo ambalo rika lake lingelifanya vilevile. Godfrey na Monica Wilson, walioishi Rungwe katika miaka ya 1930, waliwakuta Wakristo na wapagani wakikaa jirani, wakikopeshana jembe na kubishana kuhusu mambo machache tu. Mambo hayo machache ndiyo yaliyokuwa na uzito.

La kwanza lilikuwa ndoa. Ng'ombe wa mahari walifunga ukoo kwa ukoo. Mke wa pili na wa tatu walikuwa mikono ya shamba, cheo cha mume na uhai wa jina lake, na mjane alirithiwa na ndugu wa marehemu ili watoto wasitawanyike. Kanisa lilimtaka mwanamume abaki na mke mmoja kabla ya ubatizo. Amri hiyo ilikuwa rahisi kuandika na ngumu kutekeleza, kwa sababu mke anayeachwa ana ng'ombe waliolipwa kwa ajili yake na ana watoto wake. Nani arudishe ng'ombe? Watoto wawe wa nani? Katika kituo cha Mbozi, kwa Wanyiha, Traugott Bachmann wa Moravian aliona kwamba kanuni ilizaa dhuluma kubwa kuliko ile iliyokusudiwa kuiponya, akakubali kubatiza wenye wake wengi bila kuwavunjia nyumba. Wenzake hawakufurahi. Bachmann alijifunza kwa wazee wa Kinyiha kwa subira ambayo wengi wa wakati wake hawakuwa nayo, na katika suala hili haki ilikuwa upande wake.

Suala lenyewe halikufungwa. Mwaka 1925 Jordan Msumba alianzisha upande wa Karonga, Nyasaland (Malawi ya leo), kanisa lililoruhusu wake wengi, nalo likavuka mpaka hadi Rungwe. Miaka michache baadaye likafuata kanisa jingine la Waafrika kutoka huko huko, lenye ruhusa ileile. Waliojiunga hawakuwa wamechoka na Ukristo. Walikuwa wanaume na wanawake wenye ndoa halali za kimila ambao meza ya Bwana ilikuwa imefungwa mbele yao.

La pili lilikuwa mazishi. Msiba wa Kinyakyusa ulikuwa mkusanyiko mkubwa wa nchi: ng'ombe walichinjwa, ngoma zilipigwa, wanaume wakacheza na mikuki, wanawake wakalia, siku kadhaa mfululizo. Hapo ndipo undugu ulihesabiwa, maana asiyefika alishukiwa uchawi. Wamisionari walikataza ngoma hizo na kuleta jeneza, wimbo wa kwaya na msalaba juu ya kaburi. Mkristo akajikuta kati ya moto na maji: asipokwenda amewakosea ndugu, akienda amelikosea kanisa. Ufumbuzi haukutoka kwenye barua ya sinodi, ulitoka uwanjani. Wakristo walikwenda, wakakaa upande wao, wakaimba. Baada ya muda nyimbo zilishika nafasi ya ngoma, lakini ng'ombe wa kuchinja, umati na siku za kukaa matanga havikuondoka. Wamoravian waliongeza la kwao: ibada ya alfajiri ya Pasaka makaburini pamoja na tarumbeta, desturi iliyozaliwa Herrnhut.

Wahehe na Wabena walikuwa na mzozo wao kuhusu kutambika. Wahenga, masoka, walikumbukwa makaburini kwa unga wa ulezi na pombe iliyomiminwa chini. Walutheri na Wakatoliki wote walikemea tambiko, lakini pombe yenyewe haikuwa kitu kimoja kwa wote: Wakatoliki walikemea ulevi, si kinywaji. Ulanzi, utomvu wa mwanzi unaogemwa wakati wa mvua na kukingwa kwa mbeta, chombo cha mwanzi, umebaki kinywaji cha arusi, cha kazi ya pamoja na cha maongezi ya jioni Iringa. Nani aliyewahi kuufuta kwa mahubiri?

Baada ya vita vya Mkwawa, vita viliingia tena mara mbili katika habari hii. Septemba 1905, wakati wa Maji Maji, kituo cha Yakobi huko Ubena kilishambuliwa na Wangoni. Mwaka 1916 Waingereza walipoiteka nchi, wamisionari wa Kijerumani walikamatwa na kuondolewa, na Waskoti wa misheni ya Livingstonia, Nyasaland, wakaombwa kuangalia vituo vyao hadi katikati ya miaka ya 1920. Waskoti walikuwa wachache mno kwa eneo kubwa hivyo. Kilichotokea ni kwamba walimu na wazee wa kanisa, Wanyakyusa, Wakinga, Wabena, waliendesha ibada, shule na hukumu za ndoa kwa karibu miaka 10. Miaka hiyo ina uzito kuliko miaka 25 iliyotangulia, kwani ndipo wenyeji walipoamua wenyewe lipi la mila liendelee. Wajerumani waliporudi walikuta kanisa lenye wenyewe. Upande wa Katoliki, Tosamaganga ilikabidhiwa kwa Waitalia wa Consolata mwaka 1919.

Leo Walutheri wa eneo hili wamo katika Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania (KKKT), lililoundwa mwaka 1963, na Wamoravian wana majimbo yao Rungwe na Mbeya. Katika mambo yote yaliyogombaniwa, kanisa lilishinda kwa wake wengi, walau kwa kanuni, na mila ikashinda kwa mahari. Mchungaji wa Rungwe hafungi ndoa mpaka asikie kutoka kwa wazazi wa pande zote mbili kwamba mahari imekubaliwa.