Mwarobaini: Uchungu wa Majani, Harufu ya Maua

Mwarobaini, mti ulioitwa hivyo kwa kuaminiwa kuwa hutibu maradhi arobaini, hustawi katika tambarare zenye joto kusini mwa mji wa Moshi, ambako mashamba ya mpunga ya Chekereni yamo katika skimu ya umwagiliaji ya Lower Moshi iliyokamilika mwaka 1987, ilhali juu mlimani, kwenye vihamba, yaani mashamba ya ukoo yenye migomba na kahawa, baridi huuzuia. Wengi huujua kwa uchungu wa majani yake, ambayo huchemshwa yakanywewa kwa homa au huchanganywa na nafaka ghalani ili kufukuza wadudu.

Maua yake hayatajwi sana, ingawa ni meupe, madogo, yenye petali tano, nayo huning'inia kwa vishada, yakitoa harufu tamu kama ya asali. Nchini India, ambako mti huu umeenziwa tangu kale, maua hayo huliwa kwa ibada. Katika sikukuu ya Ugadi, ambayo ni mwaka mpya wa watu wa Karnataka, Andhra Pradesh na Telangana, huandaliwa pachadi, mchanganyiko wa ladha sita unaotiwa maua ya mwarobaini, sukari guru, ukwaju, embe bichi, chumvi na pilipili, ili anayeuonja akumbuke kwamba mwaka huja na machungu na matamu yake, na yote hupokewa pamoja.

Kusini mwa India, matawi yake huhusishwa na Mariamman, mungu wa kike aliyeombwa wakati wa ndui, na yalitundikwa mlangoni mwa nyumba yenye mgonjwa. Ujuzi wa jadi wa kuutumia mti huu ulitetewa hata kisheria: hataza, yaani haki ya pekee ya kumiliki uvumbuzi, iliyotolewa Ulaya mwaka 1994 kwa dawa ya ukungu iliyotokana na mafuta ya mti huu, ilifutwa mwaka 2000, kwa kuwa wakulima wa India walikwishaitumia dawa hiyo kabla, na rufaa ikakataliwa mwaka 2005.

Hivyo mti mmoja umesomwa kwa namna mbili: India huweka ua lake katika bakuli la mwaka mpya, na Chekereni hutia jani lake katika sufuria ya dawa, huku maua yakidondoka uani na kufagiliwa pamoja na majani makavu.