Kesi Inapotupwa kwa Sababu Mdai Hakufika

Wafanyakazi wengi hudhani kwamba madai yakishaandikwa na karani wa mahakama akayapiga muhuri, kazi iliyobaki ni ya hakimu. Sivyo. Shauri la madai ni la aliyelileta. Asipofika siku ya kusikilizwa, mahakama haina wajibu wa kumtafuta.

Tuchukue mfano wa mchuma chai wa Uganda anayedai mishahara yake baada ya kuachishwa kazi. Kesi inaitwa saa tatu asubuhi. Wakili wa kampuni yupo (hawa hawachelewi, wanalipwa kwa kufika), lakini mdai bado yuko ndani ya basi. Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai, Agizo la 9, zasema kwamba mdaiwa akifika na mdai asifike, shauri litatupwa. Kama mwajiri anakubali sehemu ya deni, tuseme mshahara wa miezi 2, mdai atapewa hukumu ya miezi hiyo 2 tu. Tena aweza kuamriwa kulipa gharama za kampuni.

Shauri lililotupwa namna hiyo haliwezi kufunguliwa upya kwa madai yale yale. Ikiwa pande zote mbili hazikufika, mambo ni mepesi zaidi: mahakama yaweza kulitupa, lakini mdai aruhusiwa kufungua jipya, mradi muda wa sheria haujapita. Kwa hiyo swali la kwanza kwa karani ni hili: je, mwajiri au wakili wake alikuwapo?

Kama alikuwapo, njia iliyobaki ni kuiomba mahakama ile ile iiondoe amri yake. Ombi huambatana na hati ya kiapo yenye sababu ya kutosha. Ugonjwa wenye cheti cha daktari, ajali ya njiani, au kutoarifiwa tarehe ni sababu zinazosikilizwa. Kusahau si sababu. Ombi lipelekwe upesi, kwani kila wiki inayopita nayo itatakiwa maelezo.

Kenya na Tanzania zina kanuni za aina hiyo, maana zote zilifuata mfano wa sheria ya India ya mwaka 1908. Nchini Tanzania, hata mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inampa msuluhishi uwezo wa kulitupa lalamiko la asiyefika. Mwajiri asipofika, msuluhishi aweza kuliamua bila yeye. Huko kiongozi wa chama anaruhusiwa kumwakilisha mwanachama.

Mwenye kesi ampe katibu wa tawi nakala ya hati inayoonyesha tarehe. Akiugua, amtume mtu na cheti asubuhi ile ile, aombe kesi iahirishwe kabla haijaitwa.