Penye samadi hapana gesi

Wahenga walisema penye miti hapana wajenzi. Ukitaka kuuona ukweli wa msemo huo, nenda Mkoa wa Mara, katika wilaya za Tarime na Serengeti. Huko ng'ombe ni mali, ni mahari, na ni heshima ya mwenye boma. Kila alfajiri zizi huachwa na samadi ambayo ingetosha kupikia chai, mboga na ugali wa siku nzima. Hata hivyo katika kaya nyingi mama hulipita zizi hilo akiwa na panga na kamba, akaenda mbali kutafuta kuni.

Juma hili tujiulize: kwa nini samadi hiyo haigeuzwi kuwa gesi ya kupikia? Ni utaalamu unaokosekana, ni fedha, au kuna jambo jingine?

Utaalamu si mgeni nchini. Shirika la kuhudumia viwanda vidogo, SIDO, lilianza kueneza mitambo ya gesi ya samadi mwaka 1975. Mwaka 1981 kikaanzishwa kituo cha CAMARTEC mjini Arusha, na kuanzia mwaka 1983, kwa msaada wa Wajerumani, mafundi wake wakajenga mitambo mingi katika nyanda za kaskazini. Mwaka 2009 ukaanza mpango wa taifa wa gesi ya samadi majumbani, ukiwa na lengo la mitambo 12,000 katika miaka mitano. Lengo hilo halikufikiwa kwa muda uliopangwa, lakini mafundi walifundishwa na mitambo ilijengwa katika mikoa mingi.

Sasa mtambo wenyewe unafanyaje kazi? Samadi ni majani ambayo ng'ombe hakumaliza kuyameng'enya. Ndani yake bado kuna nguvu ya jua iliyofichwa na mmea, na ndiyo maana wataalamu huiweka katika kundi moja na kuni, pumba na mabaki ya mazao, kundi wanaloliita tungamotaka. Samadi hiyo ikichanganywa na maji na kufungiwa mahali pasipoingia hewa, bakteria huishambulia na kuichachusha. Kinachotoka ni gesi ambayo sehemu yake kubwa, kiasi cha asilimia 60, ni methani inayowaka. Sehemu iliyobaki karibu yote ni hewa ukaa, pamoja na chembe ya gesi yenye harufu ya yai bovu. Harufu hiyo ina faida yake, maana humjulisha mpishi kuwa bomba linavuja.

Mtambo uliozoeleka hapa nchini ni kuba la matofali na saruji lililofukiwa ardhini. Upande mmoja kuna kisima kidogo cha kuchanganyia samadi na maji, nusu kwa nusu. Upande wa pili kuna tundu la kutolea tope lililokwisha kuchachuka. Juu ya kuba kuna bomba linalopeleka gesi jikoni. Hakuna injini wala umeme. Kila tope jipya linapoingia, la zamani husukumwa nje, na gesi hujikusanya juu ikingoja kiberiti.

Tufanye hesabu kidogo. Kilo moja ya samadi mbichi hutoa gesi lita 30 hadi 40. Kwa hiyo kilo 40 za samadi, zikichanganywa na lita 40 za maji, zinaweza kutoa karibu lita 1,500 za gesi kwa siku. Jiko lenye kichwa kimoja hutumia takriban lita 300 kwa saa. Hizo ni saa tano za moto safi, na familia ya kawaida hupika milo yake kwa muda huo.

Kilo 40 zinatoka kwa ng'ombe wangapi? Hapa ndipo penye kiini cha jambo letu. Ng'ombe wa maziwa anayefugwa bandani na kuletewa majani hutoa kilo 15 hadi 20 kwa siku, na zote zinabaki pale pale. Wawili au watatu wanatosha. Ng'ombe wa kienyeji anayeswagwa malishoni tangu asubuhi huacha porini sehemu kubwa ya samadi yake. Anachoacha zizini usiku ni kama kilo tano tu, tena zimekanyagwa zikachanganyika na udongo. Udongo huo ukiingia mtamboni hutuama chini, na mwaka hadi mwaka huujaza mtambo.

Ndiyo kusema mtu mwenye ng'ombe 30 wanaozurura anaweza kukosa gesi, na jirani yake mwenye wawili wa bandani akapika bila moshi. Gesi ya samadi haiulizi una ng'ombe wangapi. Inauliza ng'ombe wako wanalala wapi, na sakafu yao ikoje.

Katika nyanda za juu za Tarime, kwenye migomba na kahawa, mashamba yamekuwa madogo na wapo wanaofuga ng'ombe wachache karibu na nyumba. Mvua ni ya kutosha na maji hayako mbali sana. Kinachosumbua ni ubaridi, kwani bakteria hao hupenda joto na kwenye baridi kazi yao huenda polepole. Dawa yake ni kulifukia kuba vizuri na kulijenga kubwa kidogo, ili tope likae muda mrefu zaidi.

Wilayani Serengeti, kwenye tambarare za Mugumu, Natta na Issenye, joto lipo na makundi ya ng'ombe ni makubwa. Tatizo ni maji. Lita 40 ni madumu mawili kila siku, na wakati wa kiangazi madumu hayo hubebwa kichwani kutoka mbali. Mtambo ukimpunguzia mama mzigo wa kuni ukamwongezea mzigo wa maji, atauacha ukauke, na hatakuwa na kosa. Hapo bati la kuvuna maji ya mvua na tangi la kuyahifadhi ni sehemu ya mtambo, wala si anasa. Mkojo wa ng'ombe nao, ukikingwa kwenye sakafu ya saruji, huchukua nafasi ya baadhi ya maji hayo.

Huko Serengeti kuni zina hatari nyingine. Vijiji kadhaa vimepakana na hifadhi ya taifa, na kuokota kuni ndani ya hifadhi ni kosa la jinai. Mama anayevuka mpaka huo kwa ajili ya tita moja yuko kati ya mnyama mkali na askari wa wanyamapori. Akirudi salama, moshi unamngoja jikoni. Serikali imekuwa ikitaja makadirio ya vifo zaidi ya 33,000 kila mwaka nchini kutokana na moshi wa kuni na mkaa.

Ndugu wasikilizaji, tuseme na lile ambalo halisemwi sana. Katika boma la Mkurya, kama katika maboma mengi ya wafugaji, ng'ombe ni wa baba na moshi ni wa mama. Kujenga mtambo kunahitaji saruji, matofali, mabomba na fundi, na mara nyingi hiyo ni bei ya kuuza ng'ombe wawili watatu. Anayeweza kuamua kuwauza hapiki. Anayepika hawezi kuamua. Mitambo mingi haikujengwa kwa sababu hiyo, kabla hata ya kufika kwenye hesabu za saruji.

Baba mwenye boma basi aonyeshwe faida yake naye. Tope linalotoka mtamboni halijapoteza rutuba. Naitrojeni bado imo, tena katika hali ambayo mmea huifyonza upesi kuliko samadi mbichi. Migomba, kahawa na mahindi hulijua tope hilo. Mwenye kununua mbolea ya dukani kila msimu ana sababu ya kulihesabu.

Mwezi Mei 2024 Serikali ilizindua mkakati wa nishati safi ya kupikia, unaotaka asilimia 80 ya Watanzania wawe wanaitumia ifikapo mwaka 2034. Mitungi ya gesi ya kilo sita imeuzwa kwa bei ya ruzuku. Ni jambo jema, lakini mtungi ukiisha hurudishwa dukani, na duka liko mbali na pesa ni ya msimu. Samadi huja kila asubuhi.

Wewe unayesoma haya ukiwa Musoma, Mwanza au Dar es Salaam, na wazazi wako wako Nyamwaga, Sirari au Mugumu, una nafasi yako katika jambo hili. Kabla ya kutuma fedha za mtambo, uliza mambo matatu: ng'ombe wanalala kwenye sakafu? Maji yako umbali gani? Nani atachanganya tope kila siku? Majibu yakiwa mabaya, anza kwa kutuma saruji ya sakafu ya zizi na bati la maji. Yakiwa mazuri, tafuta fundi aliyefundishwa. Na uwaambie wazee wasikate tamaa: gesi ya kwanza huwa na hewa ukaa nyingi, haiwaki. Huachiwa itoke, na baada ya wiki chache hufuata inayowaka. Bomba likishukiwa kuvuja, hupakwa povu la sabuni. Kamwe halipimwi kwa kiberiti.

Wajenzi wapo na miti ipo. Kilichobaki ni mazungumzo ya jioni kati ya baba na mama wa boma, juu ya ng'ombe gani auzwe na kwa ajili ya nini. Kwa leo tuishie hapo. Tukijaliwa, juma lijalo.